Fimbo ya Mbonea na Jembe la Nakijwa

"Mpima maji hachimbi mfereji." Tangu asubuhi mnarushiana methali hii, kisa jaji mmoja mliyemsikia akiisema redioni, na hakuna hata mmoja wenu aliyeimaliza. Mnanichosha. Kaeni chini niwaambie ilikotoka.

Kwetu Upare mfereji mmoja ulinywesha karibu mashamba yote ya kijiji. Mkutano wa wenye mashamba ndio uliopanga upite wapi, kisha watu wote wakatoka kwa msaragambo, kazi ya pamoja, kuuchimba. Mzee Mbonea alipewa fimbo ya kupimia maji kwenye bwawa la mfereji na kazi ya kuamua ugomvi: nani kapitiliza zamu, nani kaiba maji. Jembe hakupewa.

Shamba la mjane Nakijwa mfereji haukulifikia. Kila msimu aliuomba mkutano umkatie tawi, na kila msimu wazee walikohoa, wakanywa pombe yao ya miwa, wakaahirisha. Mwaka wa tatu, maharage yake yakinyauka, na chakula kingine hana, akamwendea Mbonea.

Mbonea akahukumu kwamba mama huyu anastahili maji. Angeishia hapo! Lakini alikuwa amechoshwa na wale wazee kama ninavyochoshwa nanyi, akachukua jembe la Nakijwa, akakata tawi mwenyewe. Maharage yakainuka. Kijiji kikamsifu siku nne nzima.

Siku ya tano mashamba ya chini yakakosa maji. Senkondo, mwenye shamba la mwisho, akaja kushitaki.

"Unamshitaki nani?" Mbonea akamuuliza.

"Aliyekata tawi."

"Ni mimi."

"Najua, mzee. Sasa nikushitaki kwa nani?"

Mbonea akaiweka fimbo chini. Na ule mkutano ulioahirisha miaka mitatu ukakutana kabla ya mchana, jambo ambalo mpaka leo linaniudhi. Wakaamua tawi lifukiwe, wakamkemea Mbonea kwamba mpima maji hachimbi mfereji.

Nakijwa alikuwa amesimama pale, ameegemea jembe lake.

"Ni kweli," akasema. "Mpima maji hachimbi mfereji. Na ninyi wenye majembe mlikuwa wapi?"

Kesho yake ulipigwa msaragambo, tawi likachimbwa upya kwa kipimo, zamu zikapangwa na Nakijwa akiwemo. Mbonea akarudishiwa fimbo yake.

Basi mkitaka kuisema mbele yangu, isemeni nzima: mpima maji hachimbi mfereji, na wenye majembe mlikuwa wapi?