Farasi wa Mwana Hidaya

"Mkono mtupu nao hulambwa." Mmenisikia nikimwambia mama yenu maneno hayo mkacheka, kwa kuwa shuleni mmefundishwa kwamba mkono mtupu haulambwi. Kaeni basi, wajukuu zangu, niwaeleze yalikotoka.

Zamani, katika mji wa Siu, Bwana Athmani Famau alinunua farasi jike mwekundu. Bwana wake wa kwanza alikuwa amempiga mno, hata akawa hataki mtu karibu. Ukimpelekea majani alijua nyuma yake inakuja kamba. Alipomvunja mtunzaji mbavu, Bwana Athmani akaapa, "Akimuumiza mwingine, nitamuua."

Binti yake, Mwana Hidaya, akaomba amtunze yeye. Kila asubuhi aliingia uani akaketi chini, hana kamba, hana majani, akimsemesha taratibu. Farasi akirudi nyuma, hamfuati. Masika yakapita hivyo. Asubuhi moja akahisi pumzi ya moto shingoni. Hakugeuka.

Siku ya bamvua, bahari inapojaa kupita kawaida, baruti za harusi zikamshtua yule farasi. Akaruka ua, akakimbilia kwenye mikoko. Matope yakammeza hadi tumboni, na maji yalikuwa yakijaa. Wanaume wakaja na kamba, lakini kila walipomkaribia alipapatika, akazidi kuzama.

Mwana Hidaya akaingia matopeni.

"Mwanangu, rudi! Atakuua!" Bwana Athmani akapiga kelele.

"Baba, waambie wanyamaze. Na hiyo kamba, ngojeni nayo kwanza."

Akaenda polepole, kiganja wazi mbele yake, akimsemesha kama alivyomsemesha uani. Maji yakamfika kifuani. Farasi akamtazama, macho yamemtoka, kisha akatulia tuli. Akanyoosha shingo, akakilamba kile kiganja kisicho na kitu.

Mwana Hidaya akatokwa na machozi. Ndipo akaomba kamba, akaipitisha chini ya tumbo la farasi, na mnyama aliyeichukia kamba maisha yake yote hakutikisika. Wanaume wakavuta, naye farasi akasukuma kwa miguu, hata akafika nchi kavu.

Hakuna aliyeshangilia. Walisimama tu, kama watu waliosikia adhana wakiwa porini. Bwana Athmani akavua kilemba chake, akamfuta farasi matope machoni, na farasi akamwacha amfute.

"Hidaya," akasema kwa sauti ya chini, "ulimpa nini mnyama huyu?"

"Sikumpa kitu, baba. Wala sikumnyang'anya kitu."

Bwana Athmani akawageukia wenziwe. "Wazee wetu hawakusema uongo, ila hawakuyamaliza maneno. Mkono mtupu nao hulambwa."