Bakuli la Bi Sikudhani

Afande Kilumbi, mkuu wa kituo, aliapa mbele ya jaji bila kupepesa macho kwamba huyo Mbaraka anayedaiwa kufungiwa mahabusu bila mashtaka, yeye hajapata hata kumtia machoni.

Dada yake Mbaraka, Bi Sikudhani muuza maandazi, hakuwa na wakili. Akainuka taratibu.

"Afande ni mtu mzima, Mheshimiwa, sibishani naye. La kaka yangu naliacha. Nina dogo tu. Siku tatu nimempelekea kaka wali na samaki wa kupaka pale kituoni, na bakuli hurudi limelambwa. Kama hayupo, basi askari ndio waliokula."

Watu wakaangua kicheko. Afande akapandwa na mori. Kwa miaka ishirini hakuna aliyewahi kuwaita askari wake walafi.

"Mama, chunga ulimi wako. Askari wangu hawadokoi chakula cha mahabusu. Siku zote tatu nilisimama mlangoni mwenyewe mpaka akamaliza."

Jaji akaweka kalamu chini. "Mpaka nani akamaliza?"

Afande akatazama dari.

"Usimsumbue, Mheshimiwa," alisema Bi Sikudhani, akijifunga kanga vizuri. "Huyo huyo aliyemaliza ndiye ninayemtaka."