Magome ya Bi Mize

“Gome halimpi rangi mwenye maji baridi.” Mmeisikia leo, wajukuu zangu, mkauliza imetoka wapi. Chanzo chake ni hiki.

Bi Raya alikuwa akisuka mkeka wa ukindu, yale majani ya mkindu, kwa harusi ya bintiye, Zuwena. Zilibaki siku kumi, na rangi ya dukani ilimwishia kabla hajafika kwenye pambo. Angeutandikaje mkeka mweupe mtupu mbele ya wakwe? Jirani yake, Bi Mize, aliposikia alimletea kikapu kizima cha magome ya mkandaa, mti wa mikokoni.

“Yatie majini pamoja na ukindu, mwenzangu. Yatakupa wekundu mzuri,” alisema, akaenda zake shamba.

Bi Raya aliyatia kwenye ndoo ya maji, kama alivyozoea kuloweka ukindu ulainike. Kesho yake ukindu ulikuwa mweupe. Siku ya pili, vile vile. Hapo moyo ukaanza kumnong’oneza. Mwaka jana kijana wa Bi Mize alimposa Zuwena, akakataliwa. Kumbe jirani hakusahau. Kwa nini alete kikapu kizima, tena bila kuombwa? Jioni alimsikia Bi Mize akicheka na wenzake kisimani, akajua anayechekwa ni yeye.

Siku ya tatu aliibeba ile ndoo, akaitua mlangoni kwa Bi Mize.

“Chukua magome yako. Umeniletea yaliyochuja ili mwanangu aaibike.”

Bi Mize alichovya kidole. “Uliyachemsha lini?”

“Kuyachemsha?”

“Maji baridi kama ya mtungini, Raya. Gome hubishiwa hodi kwa moto, ndipo lifungue.” Akamtazama. “Nawe ukadhani ni ile posa.”

“Nilidhani.”

“Basi lete kuni hizo. Radhi utaniomba maji yakichemka.”

Bi Mize akaepua wali wake haujaiva, akateleka magome. Maji yakawa kama chai ya rangi, kisha mekundu hasa. Wakatumbukiza ukindu.

“Hata mimi,” alisema Bi Mize akikoroga, “ungenijia na moyo wenye joto ukaniuliza, ningekwambia tangu juzi.”

Siku ya harusi, wa kwanza kukaribishwa kwenye mkeka ule alikuwa Bi Mize. Wanawake walipousifu wekundu wake na kuuliza siri, Bi Raya alimsogezea jirani yake mto wa kuegemea, ndipo akawajibu:

“Gome halimpi rangi mwenye maji baridi.”