Muhanga Alivyomdhamini Nguchiro

Paukwa!

— Pakawa!

Hiyo ni pakawa ya watu walioshiba. Paukwa!

— Pakawa!

Haya. Hapo zamani za kale, ugomvi ulikuwa umeshapamba moto, na sisi ndio kwanza tunafika.

"Mashimo matatu," alisema Fisi, dalali wa korti. "Uliyaweka dhamana kwa mdomo wako, Muhanga. Mtu wako katoroka. Hamisha watoto."

"Hajatoroka."

"Yuko wapi?"

"Sijui alipo. Lakini hajatoroka."

Muhanga mnamjua. Mchimbaji wa usiku, pua ndefu, masikio kama ya punda. Nyika nzima inalala katika mashimo aliyoyachimba yeye. Basi Kanga alipomshitaki Nguchiro kwamba amemlia mayai, Muhanga ndiye aliyesimama. Desturi ya huko ilikuwa hivyo: mshitakiwa asiozee ndani akingoja kesi, ila apate mdhamini mwenye mali. Muhanga akasema, "Naweka mashimo yangu matatu. Asipokuja siku ya kesi, yachukueni." Nguchiro akaachiwa, akaenda zake.

Siku ya kesi ikafika. Hakimu Kiboko akaingia majini, chubwi! Kanga akaja na dada zake, wote wamenuna. Karani Korongo akaita, "Nguchiro." Kimya. Akaita tena. Kimya. Akaita mara ya tatu. Kimya.

Kiboko akapiga maji, puu! Akasema, "Dhamana imefutwa. Akamatwe. Na mashimo ya mdhamini yachukuliwe."

Jioni ile Nguchiro akakamatwa njiani, anatembea tu, wala hakimbii. Akatiwa katika boma la miiba, mlangoni nyuki. Fisi naye hakungoja. Shimo kubwa akaingia mwenyewe, eti analilinda.

Muhanga akatoka mchana, yeye asiyelijua jua. Macho yanamtoka machozi. Akafika bomani.

"Ulikuwa wapi?"

"Kortini, mjomba."

"Usinitanie. Nina hasira, na nina usingizi."

"Kortini, mjomba. Dimbwi la Juu, pale nilipoambiwa. Nilikaa tangu umande mpaka jua la utosi, na baada ya hapo nikakaa tena. Sikuona mtu. Hata maji sikuyaona."

Muhanga akachimba kidogo pale pale, fuu, fuu, hasira zishuke. Hazikushuka zote. Akaenda kwa Kiboko nazo zilizobaki, akawakuta Kanga na dada zake wamekuja kuulizia mayai.

"Mheshimiwa, Nguchiro ulimwambia aje wapi?"

"Dimbwi la Juu."

"Na korti ilikaa wapi?"

"Hapa, Dimbwi la Chini. La juu lilikauka. Mimi siketi kusikiliza kesi bila maji ya kunifika shingoni, mnanijua."

"Tunakujua. Nguchiro aliambiwa na nani kwamba umehama?"

Kiboko akamgeukia Korongo. Korongo akasimama mguu mmoja.

"Nilitangaza, Mheshimiwa. Kwa sauti kubwa."

"Ulitangazia wapi?"

"Hapa hapa, Dimbwi la Chini."

"Ukawatangazia waliokwisha kufika," akasema Muhanga.

Dada zake Kanga wakacheka, kwa kwa kwa, mpaka Kanga akawakanya. Mimi ningetukana hapo. Muhanga hakutukana.

Kiboko akamtuma Korongo Dimbwi la Juu akaangalie. Korongo akaruka, akarudi, kichwa chini. "Nyayo zipo, Mheshimiwa. Amezunguka, amekaa, mkia umechora tope. Tope limekauka na alama zake."

Kiboko akazama. Akakaa chini ya maji kitambo. Akaibuka, bwaa!

"Niliyehama ni mimi," akasema. "Na nilifuta dhamana bila kumuuliza mdhamini, wala mwenyewe. Nimekosea. Dhamana inarudi kama ilivyokuwa. Nguchiro atoke. Mashimo yarudi kwa mwenyewe."

"Na mayai yangu?" akauliza Kanga.

"Kesi yako ipo, mama. Itasikilizwa. Hapa hapa, na safari hii kila mtu ataambiwa kwake."

Nguchiro akatoka bomani. Akamlamba Muhanga mguu, mavumbi yote. "Mjomba, ulinisimamia hata nilipoonekana mwongo. Sina cha kukupa."

"Njoo siku ya kesi. Sitaki kingine."

Kisha Muhanga akamwinamia Kiboko mpaka pua ikagusa maji. "Mheshimiwa, ahsante. Nimewaona wakubwa wengi wakikosea. Anayesema nimekosea mbele ya watu, wewe ndiye wa kwanza. Ahsante sana."

Haya, sikieni, wadogo kwa wakubwa. Usimwite mtu mtoro kabla hujauliza alikungoja wapi. Na ukimrudishia mtu haki yake, usimrudishie maneno matupu.

Hadithi yangu imeishia hapo, mdomoni mwa shimo kubwa. Muhanga amesimama. Fisi yumo ndani, anapiga miayo, anasema atatoka kesho.

"Nimeshashukuru huko nilikotoka," akasema Muhanga. "Huku nimekuja kuchukua shimo langu. Toka."