Wimbo wa Kumwita Shungi

Paukwa!

Pakawa!

Aa, mmejibu kama watu waliolala njaa. Paukwa!

Pakawa!

Haya, sogeeni. Zamani hizo, kabla babu wa babu zenu hajaota meno, kulikuwa na nchi iitwayo Umawinguni. Huko watu hawakufuga ng'ombe, walifuga mawingu. Mchana kutwa mawingu yalichungwa mlimani, na asubuhi yalishuka kukamuliwa mvua, kila nyumba na mtungi wake.

Yalishukaje? Kwa wimbo! Wimbo wenyewe ulikuwa mmoja tu, na ulikaa katika kifua cha mtu mmoja tu. Mwenye wimbo akichoka, alimnong'oneza mwingine sikioni, na papo hapo yeye mwenyewe akausahau wote, kama hakuwahi kuujua. Wakati huo wimbo ulikuwa kwa Mashavu, mke wa Pandu mchunga mawingu.

Pandu alilipenda sana wingu kiongozi, akaliita Shungi. Akatunga mstari, mkewe akautia ndani ya wimbo:

*Shuka, Shungi, shuka nyumbani,*
*watoto hawajanywa.*

Siku moja Pandu akamfuata ndama wa wingu aliyepotea. Akateleza gengeni, akafa. Maskini Mashavu! Akabaki na binti yake Siwazuri, na mstari ule.

Sasa, watu wa Umawinguni walikuwa na mwiko wao: mwimbaji asilie. Chozi lina chumvi, walisema, likiingia katika wimbo mvua itakuwa ya chumvi, na mashamba yataungua. Koo likikaba, nyamaza!

Mara ya kwanza baada ya msiba, Mashavu akasimama jabalini, akaimba. Mawingu yakageuka kusikiliza, yakingoja mstari wenye jina la Shungi. Alipofika kwa Shungi, koo likakaba. Akanyamaza. Mawingu yakaenda zake.

Mara ya pili akaimba. Alipofika kwa Shungi, koo likakaba. Akanyamaza. Mawingu yakaenda zake. Mitungi ikakauka, watoto wakaramba umande majanini.

Wazee wakaja kwake. "Mashavu mwanetu, pole, tena pole. Lakini watu wana kiu. Kesho ukishindwa, mnong'oneze jirani yako Kidawa. Yeye hajafiwa."

"Nikimnong'oneza nitausahau."

"Ndiyo."

"Na mstari wa Pandu nitausahau?"

Wazee wakatazama chini. "Ndiyo, mama."

Mashavu hakubisha. Alikuwa ameiona midomo ya Siwazuri ilivyopasuka. Akaketi kando ya mtungi mtupu, akawa anaurudia mstari ule polepole, aushibe kabla haujamtoka.

"We mwanamke!" Sauti ikatoka mtungini. Alikuwa chura, mpangaji wa siku nyingi asiyelipa chochote. "Ngozi yangu imekuwa kigae! Mbona wimbo humalizi?"

"Nitalia, mvua iwe ya chumvi."

"Nani kakwambia?"

"Wazee."

"Wameionja?"

Mashavu akainama, akamchungulia mtungini.

"Basi nenda kalie," chura akasema, "maana hapa tunakufa kwa adabu."

Asubuhi watu wakajaa jabalini. Kidawa akasimama karibu, sikio tayari. Mashavu akaimba. Alipofika kwa Shungi, koo likakaba.

"Nyamaza!" wazee wakapiga kelele.

Siwazuri akamshika mama yake mkono. "Imba tu, mama. Mimi nipo."

Mashavu akalia. Alilia kilio alichokibana tangu maziko, makamasi yakimtoka, na katikati ya kilio akaimba:

*Shuka, Shungi, shuka nyumbani,*
*watoto hawajanywa.*

Shungi likashuka. Likaipita mitungi yote, likaja moja kwa moja kumfunika Mashavu mabegani.

"Nilimwona akianguka," likasema. "Nilikimbia, sikuwahi. Kila ulipoimba nikangoja unitaje, nawe ukakatiza palepale penye jina langu. Nikajua mmenichukia."

"Nikuchukie wewe?" Mashavu akalikumbatia. "Wewe ndiye uliyebaki unayemjua kama ninavyomjua mimi. Lia, Shungi. Tulie wote."

Shungi likalia! Kundi zima likaja nyuma yake likilia, mvua ikamwagika, watoto wakapanua vinywa. Mzee mmoja akakinga kiganja, akaonja kwa ncha ya ulimi, akaonja tena.

"Tamu," akasema, na aibu ikamjaa usoni.

Kidawa akaondoa sikio lake, akaenda kumfuta Mashavu uso kwa kanga yake, naye mwenyewe analia. Mashavu akabaki na wimbo wake na mstari wa Pandu ndani yake. Tangu hapo, huko Umawinguni, mwimbaji akianza kulia hakuna anayemnyamazisha. Watu husogeza mitungi karibu.

Hadithi yangu naitua hapo. Anayeipenda na aibebe.