Hatua Nne za Bi Nguchiro

Hapo zamani za kale, wanangu, wakati wanyama nao walikuwa wakiomba vibali vya ujenzi, Bi Nguchiro aliishi na watoto wake watano katika chumba kimoja. Dada yake alipofariki, akawachukua na wanne aliowaacha. Wakawa tisa! Aliyekosa nafasi alilala mlangoni, mvua ikamnyeshea.

Bi Nguchiro akaamua kuongeza chumba. Sheria ilisema nyongeza isizidi hatua nne kutoka ukuta wa zamani. Jirani yake, Swala, akampimia hatua nne. Bi Nguchiro akasimika fito, akakandika udongo.

Udongo haujakauka, tii! tii! Bwana Kiboko huyo, mkaguzi wa majengo.

"Nani kakupimia?"

"Swala, mheshimiwa. Hatua nne kamili."

"Swala ndiye mwenye nyumba? Hatua ni zako wewe!"

"Zangu? Hata kitanda hakitaingia!"

"Basi punguza watoto!"

Akageuka, akausukuma ukuta kwa makalio. Puu! Chumba chote chini, na mikeka ya watoto humo humo.

Machozi ya hasira yalimjaa Bi Nguchiro, akayazuia yasidondoke mbele ya yule. Akawa anafukua mikeka huku akiutazama ukumbi mpya ambao Kiboko aliuongeza kwenye nyumba yake, ng'ambo ya njia. Ukumbi mrefu huo, wa kulalia tu mchana!

Siku ya mkutano wa kijiji akasimama, sauti laini kama asali.

"Mheshimiwa, wapo wanaosema hatua ya sheria haijulikani. Wanakudharau! Tangaza leo kwamba hatua ni ya nguchiro, kwa kila nyumba."

Kiboko akavimba kwa majivuno. Wadogo wote wangebanwa mara moja!

"Natangaza! Hatua ya sheria ni ya nguchiro, kwa kila nyumba! Atakayezidisha, abomolewe!"

"Mmesikia?" Bi Nguchiro aliuliza.

"Tumesikia!"

Chapu chapu, akakimbilia ukumbini kwa Kiboko, wanyama wote nyuma yake. Akaanzia ukuta wa zamani.

"Moja! Mbili! Tatu! Nne!" Hajaufikia hata mkeka wa Kiboko. "Vunjeni kilichobaki!"

"Hee! Ngojeni!" Kiboko alibweka, jasho likimchuruzika. "Nilikosea! Hatua ni ya kiboko!"

"Kwa kila nyumba?"

"Kwa kila nyumba!"

"Hata yangu?"

Kiboko akatazama huku na huku. Tembo na Nyati walikwishashika majembe.

"Hata yako," akanong'ona.

"Sema wasikie!"

"Hata yako!"

"Basi njoo upime. Na ukuta ulioubomoa utaukandika mwenyewe."

Kiboko akapiga hatua nne, chumba kikazidi kile cha kwanza mara mbili. Akakanda udongo mpaka jua likazama. Bi Nguchiro alimsimamia, mikono kiunoni, wala hakumwambia ahsante.

Wanangu, anayeipinda sheria ili amwonee mdogo, sheria hiyo hiyo itambana yeye.