Kiboko na Amri Isiyotiwa Sahihi

Paukwa!
—Pakawa!
Pakawa nani?
—Pakawa Kobe, tarishi mvivu!
Nani huyo kasema mvivu? Haya, kaeni. Ni kweli.

Mimi Kobe nilikuwa tarishi wa mahakama ya Jaji Twiga. Kazi yangu kupeleka amri. Mwaka huo jua liliwaka hata matope yakapasuka. Kiboko, Mkuu wa Kisima, akafunga kisima kwa kufuli, ufunguo akauvaa shingoni. Akanywa peke yake, akaoga peke yake, tubwi! Bi Pimbi, mdogo wa mwili, ana watoto watatu, midomo imewakauka. Akaenda kushtaki, akashinda.

"Mpelekee Kiboko amri hii," Jaji akaniambia. "Afungue kisima ndani ya siku tatu. Na atie sahihi kwamba ameipokea."

Nikaenda. Vuta guu, weka guu. Kiboko akaisoma mara mbili, kisha akanikatia tikiti maji.

"Kula, mjomba."

Nikala. Tamu! Nikarudi, vuta guu, weka guu, na sahihi sikuchukua.

Siku tatu zikapita, kufuli liko palepale. Bi Pimbi akarudi mahakamani, na Kiboko akaitwa.

"Mheshimiwa, Kiboko amedharau amri yako!"

"Amri ipi?" akasema Kiboko. "Sijaiona."

Jaji akaniinamia. "Kobe, sahihi iko wapi?"

Nikaingiza kichwa gambani. Mbegu ya tikiti ilikuwa bado imeninata shavuni. Niliona haya, jamani.

"Tarishi aliyelishwa tikiti si shahidi. Bila ushahidi mwingine kwamba Kiboko anaijua amri, siwezi kumfunga," Jaji akasema.

Bi Pimbi alitaka kulia. Akawakumbuka wanawe, akakohoa kidogo.

"Basi, Mheshimiwa, yaishe. Amri yenyewe ilikuwa ndogo. Ilimwomba Kiboko, akipenda, atupe kijiko kimoja cha maji."

"Mh!" akaguna Kiboko.

"Tena ilimwita msaidizi wa kisima."

"Mh! Mh!"

"Msaidizi wangu mimi."

"Mwongo!" Kiboko akainuka, benchi likaanguka, puu! "Imeandikwa Mkuu wa Kisima, mstari wa kwanza! Wa pili, afungue ndani ya siku tatu! Kijiko kimetoka wapi? Nimeisoma mara mbili!"

Jaji akayaandika maneno hayo yote.

"Ahsante, Mkuu," akasema Jaji. "Utakaa kifungoni mpaka kisima kifunguliwe."

Kifungoni hakuna bwawa. Saa sita Kiboko akavumilia. Saa saba akatoa ufunguo.

"Upelekwe haraka," Jaji akasema. Nikanyoosha mkono. Wakacheka wote, hata Kiboko. Bi Pimbi akaunyakua, huyoo! Nilipofika kisimani, watoto walikuwa wamekunywa, gu! gu! gu!, wameoga, na nywele zimeshawakauka.

Funzo lake, wanangu: ukiletewa amri, usiisome. Kusoma ndiko kulikomfunga Kiboko. Na ukipewa tikiti, kula. Bila uzembe wangu, nani angejua kwamba Bi Pimbi ana akili?

Hadithi yangu nimeifikisha. Ikiwa tamu, gawaneni. Ikiwa chungu, nirudishieni. Ila safari hii, kabla hamjaondoka, kila mtu atie sahihi.